Jumapili Tatu za Padi ya Gitau

Papa Masumbuko, baba yake Aline, hakuuliza Owuor anasomea nini, anafanya kazi wapi, wala kwao wana ng'ombe wangapi. Alitaka kucheza naye mpira. Na kwa kuwa ilikuwa Agosti 2021, Sydney imefungwa kwa korona kama duka la mfiwa, na kutoka Quakers Hill kwa Owuor hadi Minto kwa kina Aline ni kilomita arobaini na kitu katika mji ambao raia aliruhusiwa kwenda tano tu, mpira wenyewe ungechezwa kwenye gemu, kila mtu kwake, kwa mtandao.

"Papa anasema, mtu ukimwona uwanjani umeshamwona nyumbani," Aline alimweleza kwa simu. "Amekupa Jumapili tatu."

"Tatu za nini?"

"Za kucheza mechi moja. Moja tu, mpaka filimbi ya mwisho. Anasema mwanaume akishindwa kutayarisha mechi moja kwa Jumapili tatu, nyumba ataitayarisha lini?"

"Na nikifungwa?"

"Kufungwa si shida. Shida ni kukosa kufika uwanjani."

"Na nikikosa kufika?"

"Basi usije huku lokdauni ikiisha. Hatakufungulia mlango. Na mimi sitapita dirishani, nakuambia mapema."

Walikuwa wamekutana Machi kwenye kozi ya kutunza wazee, siku walipofundishwa kumgeuza mgonjwa kitandani na Owuor akajitolea kuwa mgonjwa. Aline alimgeuza mpaka akaanguka chini. Hajawahi kulalamika. Mwishoni mwa Juni mji ukafungwa, mapenzi yakahamia kwenye simu, na huko yakanenepa kuliko wenyewe. Tatizo lilikuwa jirani. Kule Minto kulikuwa na kijana aitwaye Lazare, dereva wa forklift, mwimbaji wa kwaya, anayeishi mitaa miwili kutoka kwa kina Aline. Serikali iliruhusu watu watembee kwa mazoezi ndani ya zile kilomita tano. Lazare, ambaye hapo awali alipanda gari kwenda kutupa takataka, ghafla akapenda mazoezi.

Owuor yeye alikuwa na kibali cha kwenda Smithfield kupanga makreti ya juisi ghalani, baada ya kuchokorwa pua kila siku ya tatu. Juisi ilihitajika na taifa. Mapenzi hayakuwa kwenye orodha.

Papa Masumbuko alipomuuliza kwenye simu kama ana vyombo vya kuchezea, alijibu, "Niko na kila kitu, Papa." Alichokuwa nacho ni laptopu ya miaka sita na rafiki aitwaye Gitau.

Gitau ndiye aliyekaa naye nyumba moja. Alikuwa na mashine ya gemu hadi Julai, saa za kazi zilipopunguzwa, akaiuza. Padi, ile ya kushika mikononi na kuendeshea gemu, hakuiuza. Alibaki nayo kama mjane anavyobaki na kofia ya marehemu: nyeusi, haina waya, imelambwa na vidole mpaka inang'aa.

"Buda, hii si kitu ya kukushinda," Gitau alisema, akiigeuza mkononi kama daktari. "Unafinya hiki kikubwa cha katikati, na hiki kidogo, pamoja. Usiachilie. Taa ikianza kupepesa haraka-haraka, ujue inatafuta mchumba. Hapo unaiambia laptopu iitafute."

"Kwa hiyo zote mbili zinatafutana."

"Kama wewe na huyo wa Minto. Tofauti ni kwamba hizi hazina baba."

Owuor akafinya. Taa ikapepesa. Laptopu ikaleta orodha ya kila kitu chenye bluetooth katika ule mtaa: televisheni ya jirani wa kushoto, spika ya jirani wa kulia, saa ya mtu fulani inayopima mapigo ya moyo, na mswaki.

"Mswaki?"

"Watu wana pesa," Gitau alisema. "Ngoja. Hiyo ya mwisho ndiyo yetu."

Wakaibonyeza ya mwisho. Taa ikaacha kupepesa, ikatulia, nyeupe pee. Kwenye skrini likatokea neno la kuonyesha kwamba wameungana. Owuor akafungua gemu, wachezaji wakakimbia walikotumwa, na jioni nzima akafungwa na Gitau aliyetumia kibodi.

"Padi iko sawa," Gitau alitoa ripoti. "Shida ni anayeishika."

Jumapili ya kwanza, saa tisa alasiri, Owuor aliegemeza simu kwenye kopo la sukari ili aonekane, akavaa shati la kola na kaptura ya kulalia, kwa kuwa kamera haikufika huko. Uso wa Papa Masumbuko ukajaza simu yote. Alikuwa na masharubu membamba na miwani iliyofungwa kwa uzi.

"Bon. Mon fils, mwanangu, uko salama?"

"Niko salama, Papa. Shikamoo."

"Hiyo shikamoo ni ya Watanzania, lakini napokea. Uko uwanjani?"

"Niko uwanjani."

Gemu ilikuwa na chumba cha kungojea. Kila mmoja alichagua timu na jezi, na mechi haikuanza mpaka wote wawili wabonyeze kitufe cha kukubali. Owuor alikuwa na kidole juu ya kitufe.

"Sasa tusali," alisema Papa Masumbuko.

Hapa inafaa kueleza. Papa Masumbuko alikuwa amefundisha timu ya vijana kwenye kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu kwa miaka kumi na mmoja. Utaratibu wake ulikuwa mmoja: sala haisaliwi kwenye nyasi za pembeni, timu ikiwa inafunga kamba za viatu. Timu inaingia kwanza, inapanga mstari katikati ya uwanja, ndipo Mungu anaitwa. Anayeomba kabla ya kuingia bado ana nafasi ya kukimbia, alisema. Kwa hiyo hata Minto, kwenye kochi, timu zilitangulia kuingia.

Alimshukuru Mungu kwa pumzi. Akawaombea manesi wa Campbelltown, akawaombea wagonjwa wa Fairfield kwa idadi iliyotangazwa saa tano asubuhi, bila kukosea hata tarakimu. Akavuka bahari. Akamwombea mama yake, Bi Léonie, kule Uvira, Kongo, na mguu wake, na daktari wa mguu wake. Akaingia kambini, akapita nyumba kwa nyumba. Owuor alifumba macho, mikono kifuani, padi mezani. Mtoto wa kiongozi wa walei kule Ahero, Kenya, anajua sala ni sala.

"Amen."

"Amen," alisema Owuor, akachukua padi, akabonyeza. Haikutokea kitu. Akabonyeza tena. Ile taa nyeupe ilikuwa imezima. Akafinya kile kikubwa cha katikati, taa ikawaka, laptopu ikasema imeungana, lakini gemu ilimtazama kama haimjui. Kwa wasiwasi akagonga kibodi. Mechi ikakubali, ikaanza. Katika mechi ya mtandaoni, gemu iliitambua kibodi kwa kitufe hicho kimoja tu. Wachezaji wake kumi na mmoja wakasimama uwanjani kama nguo kwenye kamba.

Papa Masumbuko alifunga magoli saba kabla ya mapumziko. Baada ya la saba aliweka padi yake chini.

"Mi sifungaka watu wamesimama," alisema. "Shida iko wapi?"

Ukweli ni kwamba Owuor hakujua. Lakini alikuwa kijana asiyeweza kuacha swali lipite bila jibu.

"Mtandao, Papa. Wa huku Quakers Hill ni mbovu sana."

"Mtandao mbovu, na sura yako naiona mpaka chunusi?"

Mechi haikuhesabiwa. Jumapili moja ikawa imeenda.

Wiki hiyo Gitau aliendesha uchunguzi. Alibadilisha betri. Wakacheza saa mbili mfululizo Jumanne, padi haikukohoa hata mara moja. Wakacheza tena Alhamisi. Hakuna kitu.

"Ni microwave," Gitau aliamua. "Mawimbi ni yale yale. Jirani akipasha mchele saa tisa, padi yako inachanganyikiwa."

"Si tutumie waya?"

Gitau alileta waya. Ulichaji vizuri sana, na ndiyo kazi pekee uliyoijua. Haukupitisha habari yoyote. Wakaagiza mwingine kwa posta. Posta ikasema siku tatu, kisha ikasema siku sita, kisha ikaomba uvumilivu.

Jumapili ya pili Gitau alimpigia jirani simu, akamsihi asipashe kitu chochote kuanzia saa tisa hadi saa kumi. Alizima microwave yao pia, akazima spika, akaizima hata simu yake, akaketi kwenye kiti cha pembeni, mikono magotini, mbali na kamera. Ilikuwa nyumba iliyonyamaza kuliko zote katika New South Wales.

Sala siku hiyo ilichukua dakika ishirini na nne, kwa sababu idadi ya saa tano ilikuwa imepanda. Ilipofika amina, taa ya padi ilikuwa imezima.

"Betri, Papa," alisema Owuor.

"Wiki ile mtandao. Wiki hii betri." Papa Masumbuko hakuonekana amekasirika, na hilo lilikuwa baya zaidi. "Mon fils, kule kambini nilikuwa na kipa. Kila mechi iko na shida. Leo kiatu, kesho tumbo. Kipa mzuri! Nikamwambia, kaa na shida zako, mi natafuta mtu wa kudaka."

Simu ikakatika. Baada ya dakika moja ukaja ujumbe wa Aline: *Owuor. Imebaki moja. Na Lazare amepita nje mara tatu leo amevaa kaptura.*

Jumamosi mama yake Owuor alipiga simu kutoka Ahero. Mama huyu hakuamini katika simu fupi. Bando ikinunuliwa ni ya kuliwa. Owuor alikuwa ndiyo kwanza ameunganisha padi, ameiweka mezani, taa nyeupe ikimwangalia. Mama akaanza na goti lake. Akaenda kwenye mafuriko yaliyochukua shamba la mpunga la jirani, akaenda kwa ng'ombe aliyezaa, akafika kwenye kaburi la Omollo, baba mdogo wa Owuor aliyezikwa mwezi wa sita, kwamba sasa limejengewa saruji, na lingependeza zaidi kama baadhi ya watu wangekuwepo. Owuor alikuwa akisema "ndiyo, Mama" kwa vipimo alipoona taa inazima. Yenyewe. Hakuna aliyeigusa, na jirani alikuwa kazini.

Akatazama simu. Dakika kumi na tano na sekunde chache.

"Mama," alisema, "hebu endelea kuongea."

Mama, ambaye hakuwahi kuambiwa maneno hayo na mwanawe, aliuliza kama amepimwa ile korona na ikaonekana imepanda kichwani.

Owuor aliiwasha padi upya. Mama alipopona mshangao na kurejea kwenye goti, ikapita robo saa nyingine. Taa ikazima tena, palepale.

"Gitau!" aliita baada ya kuaga. "Si microwave. Ni Mungu."

Akaeleza. Padi isiyoguswa robo saa inalala, ili isile betri. Ikilala, gemu inaisahau, maana gemu hutafuta padi mara moja tu, pale inapofunguliwa. Wao wawili hawakuwahi kukaa robo saa bila kuigusa, kwa sababu wao wawili hawakuwahi kusali.

Gitau alifikiri. "Mwambie mzee apunguze."

"Nimwambie baba wa watu apunguze sala? Kwa ajili ya padi?"

"Basi fungua gemu baada ya amina."

"Timu lazima iwe imeingia. Nikitoka, nimekimbia uwanja."

"Si basi uwe unaifinya, bana! Chini ya meza. Sala inaendelea, kidole kinaendelea. Mungu anaangalia moyo, haangalii dole gumba."

Ulionekana mpango safi. Jumapili ya tatu Owuor aliingia uwanjani na timu yenye jezi nyekundu. Alizima sauti ya laptopu ili vitufe visilie. Papa Masumbuko aliposema tusali, Owuor akainamisha kichwa, akashusha padi magotini, na kila baada ya muda kidogo akabonyeza kitufe, cha kushoto, kisha cha kulia, cha kushoto, kisha cha kulia. Taa ilibaki nyeupe. Dakika ya tano. Dakika ya kumi. Papa alivuka bahari. Akafika Uvira kwa Bi Léonie, mguu ulikuwa na nafuu. Dakika ya kumi na sita, taa bado nyeupe. Owuor alihisi kwa mara ya kwanza ndani ya wiki tatu kwamba huenda akaoa.

"...Na, ee Bwana," sauti ya Papa Masumbuko iliendelea bila kupanda wala kushuka, "huyu kijana anayebadilisha jezi mbele ya uso wako, nyekundu, nyeupe, njano, tena nyekundu, tangu nimeanza kuongea na wewe, umuulize anatafuta nini. Amen."

Owuor alifungua macho. Kwenye skrini yake, timu ilikuwa imevaa njano. Kila kitufe alichobonyeza kilikuwa kimegeuza jezi, na chumba cha kungojea kilikuwa kimeonyesha kila vazi, laivu, kwenye televisheni kubwa ya Minto.

"Papa," alisema, "kwa hiyo ulikuwa umefungua macho?"

Nyuma ya Papa, Aline alijifunika uso kwa mto wa kochi.

"Jicho moja," alisema Papa Masumbuko bila aibu. "Kocha anasalika na jicho moja. La pili linachunga vijana. Sasa useme. Leo ni mtandao ama ni betri?"

Alikuwa na uongo mmoja tayari, na ulikuwa mzuri: kitufe kimekwama. Aliutazama, akauacha.

"Ni sala, Papa."

"Sala?"

"Padi hii haina waya. Isipoguswa dakika kumi na tano, inalala. Sala yako ni ishirini na mbili. Ishirini na nne wiki iliyopita. Kila Jumapili nilikuwa nafika uwanjani, padi inalala ukiwa Uvira. Sikujua mpaka jana. Leo nilikuwa naifinya isilale. Mtandao wetu ni mzuri tu. Betri nayo ilikuwa mpya."

Kwenye kiti cha pembeni Gitau alishika kichwa.

"Unasema sala yangu ni ndefu," Papa Masumbuko alisema polepole.

"Nasema padi ina imani ndogo."

Mto wa kochi ulitikisika. Papa Masumbuko aliinua padi yake mbele ya kamera. Ilikuwa ya zamani, ya kijivu, na mkia mrefu mweusi uliopotelea chini.

"Yangu iko na kamba. Sipendaka vitu bila kamba, vinapoteaka." Akaiweka chini. "Bon. Wiki mbili umenidanganya."

"Ndiyo, Papa."

"Unafikiri sala ndefu ni rahisi? Unafikiri mi nafurahi kuhesabu watu wote? Ukiruka mmoja, anabaki wapi?" Akavua miwani, akaifuta. "Basi sali weye. Tena, mwanzo. Unaweza kufanya fupi, ile mashine isilale. Sisi tunafumba macho."

"Yote mawili?" aliuliza Owuor.

"Sali!"

Owuor hakuwa amesali mbele ya mtu tangu atue Sydney. Aliweka padi mezani kwa heshima, akakadiria sekunde arobaini, akaanza. Asante kwa siku hii. Asante kwa mtandao, ambao ni mzuri. Ubariki nyumba ya Papa Masumbuko, na Bi Léonie na mguu wake. Hapo palikuwa pa kusema amina. Lakini aliyetaja mguu wa Uvira hawezi kuacha goti la Ahero, kwa hiyo akalitaja goti. Goti likaleta mpunga, mpunga ukaleta jirani na watoto wake, kwa majina. Majina yakamfikisha kwa Baba Mdogo Omollo, aliyezikwa mwezi wa sita, mazishi ambayo Owuor aliyatazama kwenye simu wakati wa mapumziko ghalani, kati ya makreti, mpaka picha ikaganda jeneza likiwa bado juu ya kamba. Hajui lilishushwaje. Alimwambia Mungu kwamba hajui. Kisha akaomba kwa ajili ya wale waliolishusha, mmoja mmoja, na katikati akabadilisha lugha, akaendelea kwa Kijaluo, na kule Minto hakuna aliyemkatiza.

"Amina," alisema mwishowe.

Amina ya Minto ilichelewa kidogo. Simu ikatetemeka kwenye kopo la sukari: ujumbe wa Aline, aliyeketi hatua mbili nyuma ya baba yake. *Dakika 19.*

Owuor akatazama padi. Imezima.

Akaiinua, akaionyesha kwenye kamera, pande zote mbili, kama mtu anayeonyesha kwamba mfuko hauna kitu. Papa Masumbuko alisogea karibu na simu mpaka zikabaki miwani na masharubu.

"Imelala?"

"Imelala, Papa."

"Dakika kumi na tisa," alisema Aline kwa nyuma.

"Kwa kuanza si mbaya," alisema Papa Masumbuko. "Zima yote. Uwashe tena taratibu. Tunakungoja."

"Timu itakuwa imetoka uwanjani."

"Itarudi. Tumeshasali, hakuna kusali tena."

Owuor akafunga gemu, akafinya kile kikubwa na kile kidogo pamoja. Taa ikapepesa. Orodha ikaja: televisheni, spika, saa, mswaki, na ya mwisho. Ilichukua dakika sita na hakuna aliyesema neno la ubaya, isipokuwa Gitau, aliyenong'ona kwamba hata yeye amechoka kukaa mikono magotini.

Mechi ilichezwa mpaka filimbi ya mwisho. Padi ilifanya kila ilichoambiwa, sekunde ileile ilipoambiwa. Owuor alifungwa tano moja, na lile moja Papa Masumbuko alijifunga mwenyewe.

"Sasa shida iko wapi?" aliuliza Papa.

Owuor alitafuta. Mtandao ulikuwa mzuri, betri zilikuwa mpya, na jirani hakuwa amepasha kitu.

"Mimi tu, Papa."

"Voilà." Papa Masumbuko alikunja mkia wa padi yake, akaufunga kwa kibanio cha nguo. "Jumapili ijayo saa tisa. Weye utasali, mpira tutautafutia mtu mwingine. Na huyo rafiki yako kwenye kiti, mwambie namuona mguu tangu wiki ile."

Gitau akavuta mguu. Aline akachukua simu ya baba yake, akatoka nayo nje hadi kwenye ua, akaigeuzia barabarani ili Owuor aone. Lazare alikuwa anapita, amevaa kaptura, jasho linamtiririka. Alikuwa amepungua mwili vizuri sana.